Sauti ya Mtoto Si Bidhaa ya Usiku

Katika nchi zetu mtoto huimba kabla hajajua kusoma. Huimba akiwa mgongoni mwa mama yake, huimba uwanjani pamoja na wenziwe, huimba kanisani na madrasani. Hapana mtu mwenye busara atakaye kumziba kinywa. Lakini sauti hiyo ya mtoto siku hizi imekuwa mali inayouzwa, na pale mali inapouzwa yafaa iulizwe: muuzaji ni nani, mnunuzi ni nani, na fedha zaingia mfukoni mwa nani?

Swali hili lawahusu sana wakazi wa mpakani mwa Uganda na Kenya, tangu Malaba na Tororo hadi Busia, na vijiji vya Wasamia vinavyoizunguka Masafu. Hizo ni pande za njia kuu. Malori hulala huko yakingoja forodha, wasafiri hulala huko wakingoja malori, na palipo na wageni wa usiku hapakosi pombe na muziki. Jina la bodaboda lenyewe lilizaliwa mpakani hapo, kwa vijana wa baiskeli waliowavusha abiria baina ya mpaka na mpaka. Ikiwa gunia la mahindi huvuka kwa dakika chache, mtoto mwenye sauti tamu naye aweza kuvuka vivyo hivyo, akaimba usiku kucha upande wa pili, pasiwepo mtu amjuaye wala ajuaye kwao.

Lawahusu pia askari na jamaa zao. Watoto wa kambini na wa laini za polisi hupenda muziki kama watoto wengine. Baba yao aghalabu yuko zamu, au yuko mbali kikazi, na mama hubaki peke yake na kishawishi cha mgeni anayesema, "Mtoto huyu ana kipaji, nipe nimfanye nyota." Tena askari mwenyewe, akiwa mapumzikoni, huenda akawa ndiye mteja aliyeketi mezani na kumtuza mtoto huyo noti.

NGOMA YA NYUMBANI NA NGOMA YA BIASHARA

Ni vema kwanza kutenga mambo mawili yasichanganywe.

Tangu zamani watoto wa pande hizo wamejifunza ngoma kwa wazee wao. Mtoto wa Kiiteso alijifunza kupiga kinubi kiitwacho adeudeu kwa kumtazama mjomba wake. Mtoto wa Kisamia alijifunza kucheza kwa kufuata miguu ya shangazi zake arusini. Hata leo shule za Uganda na za Kenya zina mashindano ya muziki, ngoma na maigizo, na watoto husafiri na walimu wao wakashindana na kurudi. Katika hayo yote mtoto yumo mikononi mwa watu wanaomjua. Akichoka hukaa kitako. Akikosea huchekwa kidogo, akafundishwa tena. Riziki ya mtu haitegemei koo lake.

Ngoma ya biashara ni jambo jingine. Hapo mtoto huja baa kwa sababu mwenye baa ataka wateja, na mwenye bendi ataka kiingilio. Mtoto akilala, biashara imelala. Akiugua, hasara imeingia. Kwa hiyo huamshwa, hufokewa, na pengine hupigwa. Ugeni wa mambo si kwamba mtoto anaimba. Ni kwamba watu wazima wamejifanya wategemezi wake.

MTOTO WA LUWEERO

Mwaka 2019 jambo hili lilizungumzwa Uganda nzima. Mtoto mmoja kutoka wilaya ya Luweero, aliyejulikana kwa jina la jukwaani la Fresh Kid, alikuwa amepata sifa kubwa kwa kuimba kwa mtindo wa kufoka, naye alikuwa na umri wa miaka 7 tu. Aliyekuwa Waziri wa Nchi wa Vijana na Watoto wakati huo, Florence Nakiwala Kiyingi, alisema hadharani kwamba mahali pa mtoto wa umri huo ni shuleni, na kwamba sheria hairuhusu afanywe mfanyakazi wa majukwaa.

Wananchi waligawanyika. Wengi walimlaumu waziri. Walisema kuwa mtoto huyo ametoka katika umaskini, kwamba uimbaji wake ndio utakaomlipia karo, na kwamba serikali inayomkataza kuimba yapasa kwanza iwatazame maelfu ya watoto wanaouza karanga barabarani. Wengine walimuunga mkono, wakisema umaskini wa mzazi si deni la mtoto.

Mwisho wake ulikuwa wa busara kuliko kelele zake. Wahusika walikutana, na makubaliano yakawa kwamba mtoto asome siku za masomo, aimbe mwisho wa juma na wakati wa likizo. Alipata pia nafasi ya kusomeshwa katika shule moja ya Kampala. Basi wimbo haukufa, na shule haikupotea.

Lakini Fresh Kid alikuwa maarufu, na waziri alilijua jina lake. Mtoto asiye na jina, anayeimba katika kilabu cha pombe karibu na kituo cha malori, waziri hamjui. Ajuaye habari zake ni jirani, mwalimu aonaye dawati tupu Jumatatu asubuhi, na askari wa doria.

SHERIA YASEMAJE

Katiba ya Uganda ya mwaka 1995, kifungu cha 34, humlinda mtoto dhidi ya kunyonywa na dhidi ya kazi itakayomharibia masomo, afya au maadili. Sheria ya Ajira ya mwaka 2006 yakataza mtoto kuajiriwa baina ya saa 1 usiku na saa 1 asubuhi. Sheria ya Watoto, kama ilivyorekebishwa mwaka 2016, imeweka miaka 16 kuwa umri wa kuanza kuajiriwa. Ng'ambo ya mpaka, Sheria ya Ajira ya Kenya ya mwaka 2007 nayo yakataza mtoto kuajiriwa kuanzia saa 12 na nusu jioni hadi saa 12 na nusu asubuhi. Hivyo mwenye bendi amvushaye mtoto akidhani anaikimbia sheria, aikuta nyingine ikimngoja.

Sanaa nayo imefikiriwa. Mkataba namba 138 wa Shirika la Kazi Duniani, wa mwaka 1973, ambao Kenya iliuridhia mwaka 1979, Tanzania mwaka 1998 na Uganda mwaka 2003, huruhusu nchi kutoa vibali vya mtoto mmoja mmoja kushiriki katika maonyesho ya sanaa. Lakini kibali hicho sharti kitaje saa za kazi na hali ya kazi. Maana yake ni kwamba sanaa ya mtoto hupewa mlango, na mlango huo huwekewa bawabu.

Liko jambo zito zaidi. Sheria ya Uganda ya Kuzuia Usafirishaji Haramu wa Watu, ya mwaka 2009, husema kuwa ridhaa ya mtoto au ya mzazi wake si utetezi kwa mtu anayemsafirisha mtoto ili amnyonye. Mzazi aliyepokea fedha na kusema "mchukueni" hajamhalalishia mchukuaji kitu. Huenda amejiingiza mwenyewe mashakani.

FEDHA HUENDA WAPI

Tuseme kwa mfano tu kwamba mtoto ametuzwa usiku mmoja shilingi 40,000 za Uganda. Mwenye bendi hukata nauli, hukata mavazi, hukata gharama ya studio, hukata chakula, kisha hukata sehemu yake ya umeneja. Mtoto hubaki na soda na jozi ya soksi. Akiuliza, huambiwa kuwa bado anadaiwa. Deni hilo halina daftari wala stakabadhi, na kwa hiyo halimaliziki.

Unyonyaji huu haukuanzia Afrika. Huko Marekani mtoto Jackie Coogan alipata umaarufu mkubwa alipocheza na Charlie Chaplin katika filamu ya The Kid ya mwaka 1921. Alichuma mamilioni ya dola. Alipofikia utu uzima na kuziulizia fedha zake, alikuta karibu zote zimekwisha kutumiwa. Mwaka 1938 alimshitaki mama yake mzazi pamoja na baba yake wa kambo, akapata kiasi kidogo tu cha jasho lake. Aibu hiyo ilizaa sheria katika jimbo la California mwaka 1939. Sheria hiyo, kama ilivyorekebishwa baadaye, humlazimu mwajiri kuweka asilimia 15 ya mapato ya mtoto katika akaunti isiyoguswa na mtu mpaka mtoto akue.

Mzazi wa Masafu hahitaji kungoja sheria kama hiyo. Aweza kuitimiza mwenyewe kwa kufungua akaunti ya mtoto na kutunza daftari la kila shilingi iliyoingia.

MWILI NA MOYO WA MTOTO

Fedha zaweza kurudishwa. Yako mambo yasiyorudishika. Michael Jackson, ambaye dunia nzima ilimjua, alianza kuimba na ndugu zake akiwa mtoto mdogo, wakitumbuiza hata katika vilabu vya usiku. Katika mahojiano ya mwaka 1993 alieleza, akiwa mtu mzima na tajiri, jinsi baba yake alivyompiga na jinsi alivyokosa utoto. Sifa zote za dunia hazikumsahaulisha fimbo ile.

Mtoto wa mpakani yuko hatarini zaidi, kwa kuwa hana hata sifa hizo. Mtoto wa kike aliyevikwa mavazi ya watu wazima na kuambiwa acheze mbele ya walevi hufunzwa kwamba mwili wake ni wa kutazamwa kwa bei. Baada ya muziki kuzimwa, ni nani anayemrudisha nyumbani? Analala wapi, na nani amefunga mlango? Maswali haya ni machungu, lakini mzazi asiyeyauliza mapema huja akayajibu kituo cha polisi au hospitalini.

Koo nalo huchoka. Mtoto aimbaye kila usiku katika moshi wa sigara, akishindana na vipaza sauti, huharibu sauti ile ile aliyosifiwa. Asubuhi yake husinzia darasani, na mwisho wa muhula hukosa wimbo na hukosa hesabu.

LIWEZEKANALO

Asidhani mtu kwamba hapana njia njema. Kikundi cha Ghetto Kids cha Kampala, kilichojulikana mwaka 2014 kwa video ya wimbo wa Eddy Kenzo uitwao Sitya Loss, kilianzishwa na Daouda Kavuma, mwalimu, aliyetaka kuwasaidia watoto maskini wapate elimu kwa njia ya ngoma. Mwaka 2023 watoto hao walifika fainali ya shindano la Britain's Got Talent huko Uingereza. Kwa sheria za nchi hiyo, mtoto wa umri wa shule hapandi jukwaa la kulipwa kama hilo bila kibali cha halmashauri, bila saa zilizopangwa, wala bila mlezi wa kumwangalia. Ikiwa utaratibu huo unawezekana London kwa watoto wa Uganda, kwa nini usiwezekane Busia kwa watoto hao hao?

WAJIBU WA MZAZI NA WA ASKARI

Mzazi ambaye mtoto wake ana kipaji na aangalie mambo haya:

Kwanza, mtoto asiimbe usiku, wala asiimbe mahali pa pombe, hata kama malipo ni makubwa.

Pili, asisafiri bila mzazi au mlezi anayeaminika. Mtu anayesema hapana nafasi ya mzazi garini, hana nafasi ya mtoto.

Tatu, mzazi asitie sahihi karatasi asiyoielewa. Aipeleke kwa ofisa wa ustawi wa jamii wa wilaya au kwa mwanasheria. Mtoto mdogo hana uwezo wa kujifunga kwa mkataba. Ajifungaye ni mzazi.

Nne, kila malipo yaandikwe, na sehemu ya mtoto iwekwe benki.

Tano, siku mtoto atakaposema "nimechoka", aaminiwe.

Kwa upande wa askari, akimkuta mtoto akiimba ndani ya baa saa 4 za usiku, asimhesabu kuwa sehemu ya burudani. Hilo ni kosa linalotendeka mbele ya macho yake. Polisi ya Uganda ina kitengo cha kuwalinda watoto na familia. Kila kijiji kina halmashauri yake ya LC1, na humo yumo katibu wa mambo ya watoto. Na raia yeyote, katika Uganda na katika Kenya, aweza kupiga simu namba 116 bila malipo kueleza habari za mtoto anayeteswa. Mtoto mwenyewe asitendewe kama mhalifu. Apewe blanketi na chakula, na mwenye kumleta ndiye aulizwe.

Na yule askari asiye zamuni, aliyekaa na wenzake baada ya juma zito la kazi, naye ana wajibu. Noti anayomtuza mtoto kwa huruma ndiyo inayomfanya mwenye bendi amlete tena kesho. Kama hapana atuzaye usiku, mtoto hataletwa usiku. Akitaka kweli kumsaidia mtoto yule, na aulize jina lake na shule yake, kisha noti ile aipeleke kwa mwalimu mchana, iwe daftari na kalamu.

Wahenga walinena: mtoto umleavyo ndivyo akuavyo. Mtoto aliyelelewa kwa wimbo na kitabu hukua navyo vyote viwili. Aliyelelewa kwa kuuzwa hukua akijua bei yake tu.