Pombe za Buha na Mwambao wa Ziwa Tanganyika

Neno pombe katika Kiswahili ni neno pana mno. Kwa neno hilo moja twataja uji wa ulezi uliochacha, maji ya ndizi, asali iliyotiwa maji, bia ya chupa, na hata gongo. Basi mwalimu asimamapo mbele ya watu wa Ujiji au wa Kasulu na kusema, "Pombe ni mbaya," kila asikiaye hufikiri kinywaji kingine. Mzee hufikiri mtungi aliopelekewa na wakwe zake. Kijana hufikiri chupa ya dukani. Mwanamke hufikiri gongo lililommaliza mumewe. Neno ni moja, mambo ni mengi, na fundisho hupotea katikati.

Katika makala haya nataka kueleza vinywaji hivyo kimoja kimoja, jinsi vifanywavyo na kwa nini hugeuka kuwa kileo. Tena nataka kuonyesha jambo moja lisilotazamwa sana: tofauti kubwa iliyoko kati yake si ukali tu, bali ni muda wa kudumu. Kinywaji kisichodumu kina desturi zake, na kinywaji kidumucho kina desturi nyingine kabisa.

Juu ya majina

Kiswahili chenyewe, ijapokuwa kina neno pombe, hakikosi maneno ya kupambanua. Tembo ni maji ya mnazi au ya mtende mwingine, nayo hupatikana kwa kugema. Mwenye kazi hiyo ni mgema. Pwani husema, "Mgema akisifiwa, tembo hulitia maji." Togwa ni uji mtamu wenye kimea, usiolevya bado. Kimea ni nafaka iliyooteshwa, ikakaushwa, ikasagwa. Chachu ni kile kichachushacho, na machicha ni masimbi yabakiyo. Wanzuki ni pombe ya asali. Wahaya huita pombe ya ndizi olubisi, na katika Kiswahili cha bara neno hilo limekuwa rubisi. Warundi, ambao lugha yao ni ndugu wa karibu wa Kiha, huita vinywaji vyote vya namna hii inzoga, kisha hupambanua: urwarwa ni ya ndizi, impeke ni ya nafaka. Na neno kileo, ambalo wasomaji wamelizoea katika Biblia ya mwaka 1952, lahusu kila kilevyacho, kiwe cha mmea gani.

Pombe ya nafaka

Nafaka za kale za pombe ni ulezi na mtama, na zote mbili ni mimea ya Afrika yenyewe. Mahindi na mihogo yalitoka Amerika, yakaletwa baada ya Wareno kuanza kusafiri baharini. Kwa hiyo pombe ya mahindi ni mgeni kwa kulinganishwa na pombe ya ulezi.

Kazi hii kwa desturi ni ya wanawake. Nafaka hulowekwa majini siku moja au mbili, kisha huchujwa na kufunikwa kwa majani mahali penye joto mpaka iote. Ikiisha kuota huanikwa juani na kusagwa. Huo ndio unga wa kimea. Kisha hupikwa uji wa unga usiooteshwa, huachwa upoe hata uwe vuguvugu, ndipo kimea hutiwa. Hapo uji mzito hulainika na kuwa mtamu, ijapokuwa haukutiwa sukari hata kidogo.

Wengi huuliza utamu huo watoka wapi. Jibu ni hili. Chembe ya nafaka ni ghala ya wanga, na mche mchanga hauwezi kula wanga kama ulivyo. Kwa hiyo mbegu iotapo hutengeneza vimeng'enya, vitu vya kuvunja wanga kuwa sukari. Mpishi huvichukua vimeng'enya hivyo na kuvitumia chunguni. Ndiyo maana kimea hakitiwi katika uji uchemkao: moto mkali huviua, na uji hubaki uji. Bibi zetu hawakuwa na jina la vimeng'enya, lakini walijua kupima joto la chungu kwa kidole.

Baada ya hapo hutiwa machicha ya pombe ya zamani, ndani yake mna chachu. Chachu ni viumbe hai vidogo mno. Hula sukari, na kutoka humo hutoa alkoholi na hewa, nayo hewa hiyo ndiyo ifanyayo mapovu. Siku moja au mbili zikipita, togwa imekwisha kuwa pombe. Ukihesabu tangu kulowesha hata kunywa, ni kama juma moja au zaidi.

Ufundi huu ni wa zamani sana. Richard Burton, aliyefika Ujiji pamoja na Speke mwezi wa Februari 1858, aliandika katika kitabu chake cha mwaka 1860 habari za pombe ya nafaka iliyooteshwa. Wala si wa Afrika peke yake. Watu wa Misri ya kale na wa Sumeri walifanya bia ya shayiri kwa njia ya kuotesha, na katika mihuri ya Sumeri huonekana watu wameketi wakizunguka mtungi mmoja, kila mmoja na mrija wake. Mrundi akiiona picha hiyo hataistaajabia, kwa maana impeke hunywewa vivyo hivyo, kwa mirija, mtungi ukiwa katikati.

Pombe ya ndizi

Mgomba asili yake ni Asia ya kusini-mashariki, lakini umekaa katika nchi za maziwa makuu muda mrefu hata umekuwa mwenyeji. Pombe yake haihitaji kimea, kwa sababu ndizi ikiiva hugeuza wanga wake kuwa sukari yenyewe. Kazi ya mtu ni kuuharakisha uivaji huo. Ndizi mbichi hutiwa katika shimo lililotiwa joto kwa moto, hufunikwa kwa majani ya mgomba na udongo, na baada ya siku kadhaa hutolewa zimeiva zote pamoja.

Kisha humenywa na kufikichwa pamoja na majani makavu, mpaka maji yatoke na nyama ya ndizi ibaki katika majani. Kwa Wahaya wanaume huzikanyaga kwa miguu ndani ya chombo cha mti kilichochongwa kama mtumbwi. Maji hayo, kabla ya kuchacha, ni matamu, na watoto hupewa. Hutiwa unga wa mtama uliokaangwa, chombo hufunikwa, na kesho yake au kesho kutwa pombe i tayari.

Tembo na asali

Tembo ndilo jepesi kuliko vyote kulipata, maana mti wenyewe hutoa sukari tayari. Mtende wa mafuta, yaani mchikichi, ambao Kigoma wajulikana zaidi kwa mawese, hutoa maji ya namna hiyo kama mnazi wa pwani. Yakigemwa asubuhi ni matamu. Jioni yamekwisha kuwa makali. Baada ya siku chache ni siki. Wanzuki nayo hutokana na asali iliyoyeyushwa katika maji, na katika nchi ya miombo yenye mizinga mingi hii si pombe ya kushangaza.

Jinsi muda ulivyofanya desturi

Sasa msomaji atazame jambo moja lililo sawa katika vinywaji hivi vyote. Hakuna kinachongoja. Chachu haiachi kazi kwa kuwa mwenyeji ametaka, na nyuma yake huja vijidudu vingine vigeuzavyo pombe kuwa kali na chungu. Pombe ya nafaka hufaa siku mbili tatu tu. Mwenye mitungi minne hawezi kuimaliza peke yake, wala kuiweka akiba, wala kuipeleka soko la mbali. Atafanya nini, ila kuita watu?

Kutokana na lazima hiyo mambo mengi yalijengwa. Mtu aliyetaka kulimiwa shamba alitangaza siku, mkewe akalowesha nafaka juma moja kabla, na majirani wakaja na majembe. Warundi huita kazi hiyo ya pamoja ikibiri. Posa ilisemwa mbele ya mtungi. Waliogombana walipatanishwa kwa kunywa pamoja. Kwa Warundi wazee waamuzi, waitwao abashingantahe, waliletewa pombe baada ya shauri. Na kwa kuwa chungu kilikuwa hadharani, aliyezidisha alionekana na wote, wala wazee hawakukosa kumkanya.

Sisemi ya kuwa siku zile hapakuwa na ulevi. Ulikuwako, na ugomvi ulikuwako. Nafaka iliyopaswa kuwa chakula ilitiwa mtungini hata wakati wa upungufu. Wala zawadi ya waamuzi haikubaki zawadi daima. Mahali pengine iligeuka kuwa rushwa. Lakini ulevi ule ulikuwa na mpaka uliowekwa na kinywaji chenyewe: mtungi ukiisha, umekwisha, na mwingine hauji mpaka juma lipite.

Kileo kidumucho

Ulaya nayo ilikuwa na bia isiyodumu. Badiliko lililetwa na mmea uitwao hopsi, ambao maua yake ni machungu na huzuia kuharibika. Mtawa Hildegard wa Bingen, katika karne ya 12, aliandika ya kuwa uchungu wake hukihifadhi kinywaji. Mwaka 1876 Louis Pasteur alitoa kitabu chake juu ya bia na vijidudu viiharibuvyo, na mwaka 1883 Emil Christian Hansen, katika maabara ya Carlsberg huko Copenhagen, alifaulu kukuza chachu safi ya namna moja. Kwa maarifa hayo bia ya chupa iliweza kudumu zaidi na kusafiri nchi za mbali. Reli ilifika Kigoma mwaka 1914. Kiwanda cha Kenya Breweries kilianzishwa Nairobi mwaka 1922, na katika miaka ya 1930 Dar es Salaam nayo ilikuwa na Tanganyika Breweries. Chupa haihitaji majirani. Inahitaji fedha tu.

Lakini kidumucho kupita vyote ni gongo. Chachu yenyewe hufa alkoholi ikizidi, hivyo pombe ya kuchacha haiwezi kupita kipimo fulani, na nyingi za kienyeji ni asilimia chache tu. Gongo huvuka mpaka huo kwa moto. Alkoholi huchemka kwenye nyuzi 78, maji kwenye nyuzi 100. Basi mvuke utokao kwanza huwa na alkoholi nyingi, nao hupozwa na kukusanywa. Kwa ajili ya mvuke huo wengine huliita moshi, na sheria ya Tanzania ya mwaka 1966 juu ya utengenezaji wake ilichukua neno hilohilo. Uganda huita waragi, Kenya chang'aa. Kinywaji hiki hakiozi. Chaweza kufichwa chini ya kitanda na kunywewa na mtu mmoja usiku, kila siku ya mwaka. Tena wauzaji wabaya hukitia methanoli, ambayo hupofusha macho na kuua.

Neno kwa walimu

Faida ya kuyajua haya ni nini? Kwanza, tupambanue majina. Tukiita togwa na gongo kwa jina moja, wanafunzi wataona hatujui tusemalo. Pili, tukitaka kumwondoa mtu katika unywaji, tukumbuke ya kuwa mtungi ulikuwa umebeba kazi nyingine: kulima pamoja, kuposa, kupatana. Anayeuvunja mtungi bila kutafuta chombo kingine cha kubeba mambo hayo humwacha mtu bila majirani, na mtu asiye na majirani ndiye mteja wa kwanza wa gongo. Togwa na maji matamu ya ndizi yako bado, na yafaa kwa shamba la pamoja kama yalivyofaa zamani. Tatu, tuwaulize wazee wa Buha habari za ulezi na mitungi wangali hai. Kilichowalinda si kinywaji, bali ni wenzao waliokizunguka. Na hao wenzao ndio wa kutafutwa sasa.