GHARAMA YA KWELI YA NYUMBA YA REHANI

Kwa muda mrefu mtu aliyetaka nyumba katika Bweyeye, kusini-magharibi mwa Rwanda, alijenga kwa kadiri ya mfuko wake. Msimu mmoja alifyatua matofali, msimu wa pili akanunua mabati, na milango na madirisha akavitia baada ya kuuza mavuno ya mwaka wa tatu. Nyumba ilichelewa, lakini ilipokwisha ilikuwa yake, wala hapakuwa na mtu wa kumdai. Siku hizi njia nyingine imefunguka, nayo ni kukopa, kujenga mara moja, na kulipa kidogo kidogo kwa miaka mingi. Njia hiyo ina faida yake, na ina bei yake. Bei hiyo ndiyo inayostahili kuelezwa, kwa kuwa ni wachache wanaoifahamu kabla ya kutia sahihi.

Bweyeye ni mojawapo ya sekta za Wilaya ya Rusizi, katika eneo lililojulikana zamani kama Mkoa wa Cyangugu. Iko baina ya msitu wa Nyungwe na mpaka wa Burundi. Barabara yake, yenye urefu wa kilometa 32 kutoka Pindura hadi Bweyeye, hupita ndani ya msitu huo, nayo sasa imetiwa lami. Lakini jambo lililobadili zaidi habari za mikopo mahali kama hapo si lami, bali ni karatasi. Kuanzia mwaka 2009 hadi 2013 serikali ya Rwanda iliendesha kazi ya kupima na kusajili ardhi nchini kote, na vipande zaidi ya milioni 10 vikaandikwa katika daftari. Mkulima ambaye shamba lake lilijulikana kwa ushahidi wa majirani tu alipata hati yenye jina lake. Katika kipindi hicho hicho zilianzishwa Umurenge SACCO, vyama vya akiba na mikopo 416, kimoja kwa kila sekta ya nchi. Hivyo hati ikapatikana, na mahali pa kuipeleka pakapatikana.

Kuweka nyumba au shamba rehani, au kuvitoa kuwa ingwate kama Wanyarwanda wasemavyo, maana yake si kuuza. Mwenye mali hubaki akiishi katika nyumba yake na kulima shamba lake. Lakini mkopeshaji husajili haki yake juu ya mali hiyo kwa Msajili Mkuu, katika Bodi ya Maendeleo ya Rwanda, na deni lisipolipwa ana njia ya kisheria ya kuomba mali iuzwe. Kwa mtumishi wa mjini, rehani hiyo huenda ikawa ni nyumba moja tu. Kwa jamaa ya Bweyeye, hati moja mara nyingi hubeba nyumba, shamba, na urithi wa watoto kwa pamoja.

Sasa yafaa kutazama hesabu. Mtu anayekwenda kukopa huuliza maswali mawili: atapewa kiasi gani, na atalipa kiasi gani kila mwezi. Swali la tatu, ambalo ndilo kubwa, huachwa: mpaka siku ya mwisho, atakuwa amelipa jumla ya fedha ngapi?

Tuchukue mfano wa mkopo wa faranga 10,000,000 kwa muda wa miaka 20. Kwa miaka mingi riba ya mabenki ya biashara nchini Rwanda imekuwa kwa wastani katika asilimia 16 hivi kwa mwaka. Kwa riba hiyo, mkopaji atalipa faranga 139,000 na ushei kila mwezi. Kiasi hicho chaweza kuonekana cha kuvumilika kwa mtu na mkewe wenye mishahara. Lakini kikizidishwa kwa miezi 240, jumla yake ni faranga milioni 33 na laki 4 hivi. Mtu huyo amejenga nyumba moja, na amelipa fedha za nyumba tatu na zaidi.

Wengi hudhani kwamba wakifika nusu ya muda watakuwa wamemaliza nusu ya deni. Sivyo. Riba huhesabiwa juu ya deni lililobaki, na mwanzoni deni lililobaki ni karibu lote. Katika malipo ya mwezi wa kwanza wa mfano huu, faranga 133,000 na zaidi ni riba tupu, na faranga zipatazo 5,800 tu ndizo zinazopunguza deni lenyewe. Baada ya miaka kumi mkopaji atakuwa amekwisha kutoa faranga karibu milioni 16 na laki 7. Hata hivyo akienda kuuliza amebakiwa na deni kiasi gani, ataambiwa milioni 8 na laki 3. Hapo hakuna wizi wala udanganyifu. Ndivyo hesabu ya riba ilivyo, na ndiyo sababu mtu anayelazimika kuuza nyumba katika miaka ya mwanzo hushangaa kuona fedha zote zimekwenda kwa mkopeshaji.

Kumbe basi muda una nguvu sawa na riba, na pengine kuizidi. Mkopo huo huo, kwa riba ile ile ya asilimia 16, ukilipwa kwa miaka 10 badala ya 20, malipo ya mwezi hupanda hadi faranga 167,500 hivi. Nyongeza ni faranga 28,000 na kidogo kwa mwezi. Lakini jumla ya malipo hushuka kutoka milioni 33 na laki 4 hadi milioni 20 na laki 1. Kwa hiyo anayejinyima faranga 28,000 kwa mwezi katika miaka kumi huokoa zaidi ya milioni 13.

Na nguvu ya riba nayo si ndogo. Mwaka 2018 Benki ya Dunia iliidhinisha dola milioni 150 kwa mradi wa fedha za nyumba nchini Rwanda, na kutokana na juhudi hizo Benki ya Maendeleo ya Rwanda, BRD, ilianzisha mpango wa Gira Iwawe kwa ajili ya watu wa kipato cha kati na cha chini, kwa riba ya asilimia 11 na muda wa hadi miaka 20. Kwa riba ya asilimia 11, faranga milioni 10 zikilipwa kwa miaka 10 humtaka mkopaji faranga 137,750 kwa mwezi. Kiasi hicho ni pungufu kidogo ya kile anacholipa mwenzake wa asilimia 16 kwa miaka 20. Watu wawili hao hutoa mfukoni karibu fedha zile zile kila mwezi. Lakini mmoja humaliza deni, na mwingine bado ana miaka kumi mbele yake. Mtu anayetazama malipo ya mwezi peke yake hawezi kamwe kuiona tofauti hiyo.

Upo pia mtego katika namna ya kutaja riba, hasa kwa mikopo midogo ambayo watu wa vijijini huitumia kuezeka au kuongeza chumba. Riba ya asilimia 2 kwa mwezi yaweza kuhesabiwa kwa njia mbili. Ikihesabiwa juu ya deni linalopungua, mkopo wa faranga 1,000,000 wa mwaka mmoja hutozwa riba ya faranga 135,000 hivi. Lakini ikihesabiwa kila mwezi juu ya mkopo wote wa awali, kana kwamba mkopaji hajalipa hata senti, riba ni faranga 240,000. Maneno ni yale yale, asilimia mbili kwa mwezi. Bei ni mbali mbali kabisa.

Juu ya riba huja gharama ndogo ndogo, ambazo zikikusanywa si ndogo tena. Ipo ada ya kushughulikia mkopo, ipo malipo ya mthamini anayekadiria mali, na ipo gharama ya kusajili rehani. Kuna bima ya maisha ya mkopaji, ili akifariki deni lisiwaangukie wajane na mayatima, na kuna bima ya jengo lenyewe. Wengine huiona bima kuwa ni fedha za bure. Lakini usiku wa kuamkia tarehe 3 Mei 2023, mvua kubwa zilileta mafuriko na maporomoko ya ardhi, hasa katika Mkoa wa Magharibi wa Rwanda, na watu zaidi ya 130 walipoteza maisha. Maelfu ya nyumba ziliharibika. Katika nchi ya milima na mvua kama hiyo, yafaa ikumbukwe kwamba nyumba ikibomoka, deni halibomoki.

Kisha kuna matunzo. Mabati hushika kutu, kuta hupasuka, mifereji ya maji huzibika. Saruji hutengenezwa katika wilaya hiyo hiyo ya Rusizi, katika kiwanda cha CIMERWA huko Bugarama, kilichoanza kazi mwaka 1984. Hata hivyo ni lazima isafirishwe mpaka milimani, na usafiri nao hulipiwa. Nyumba ya miaka 20 itahitaji kutengenezwa zaidi ya mara moja kabla ya deni lake kwisha. Fedha hizo hazimo katika mkataba wa benki, lakini zitatoka katika mfuko ule ule.

Hapana budi pia kuangalia kama riba yaweza kubadilika. Mikataba mingi humruhusu mkopeshaji kupandisha riba hali ya fedha ibadilikapo. Nchini Marekani, katika miaka ya kabla ya msukosuko wa mwaka 2008, watu wengi walikopeshwa nyumba kwa riba iliyokuwa nafuu katika miaka ya mwanzo, kisha ikapanda. Malipo ya mwezi yalipopanda na bei za nyumba zikashuka, mamilioni ya watu walipoteza makao yao, na mabenki makubwa yakaanguka. Katika Afrika ya Mashariki, nchi ya Kenya ilijaribu kuzuia riba kwa sheria mwaka 2016. Lakini wakopeshaji wakawakwepa wakopaji wadogo, na sheria hiyo ikaondolewa mwaka 2019. Hayo yanaonyesha kwamba serikali yaweza kusaidia, lakini haiwezi kumfanyia mkopaji hesabu yake.

Si haki, hata hivyo, kusema kwamba mkopo wa nyumba ni jambo baya. Mwenye kupanga nyumba naye hulipa kila mwezi, na baada ya miaka 20 hana hata tofali moja. Aidha, thamani ya fedha hupungua kwa kadiri bei zinavyopanda. Bei zikipanda kwa asilimia 5 kwa mwaka, kiwango ambacho Benki Kuu ya Rwanda hukilenga, faranga 100,000 baada ya miaka 15 zitanunua chini ya nusu ya vitu zinavyonunua leo. Kwa hiyo malipo yasiyobadilika huwa mepesi kwa mtu ambaye kipato chake kinapanda pamoja na bei. Tatizo ni kwamba si kila kipato hupanda hivyo. Mwalimu na muuguzi hupata mshahara kila mwezi. Mkulima wa kahawa hupata fedha kwa msimu, na mchimbaji wa madini hupata kwa bahati. Lakini benki hudai kila mwezi, msimu uwe mzuri au mbaya.

Na msimu ukiwa mbaya, ndipo gharama iliyo kubwa kuliko zote huonekana. Mali inayouzwa kwa mnada ni nadra kupata bei yake halisi, na zaidi mahali palipo mbali na miji, ambako wanunuzi ni wachache. Jamaa yaweza kupoteza shamba, na bado bei ya mnada isitoshe kulifuta deni. Ndiyo maana sheria ya ardhi ya Rwanda inataka ridhaa ya wote wenye haki katika hati, mume na mke. Ridhaa hiyo isiwe ya kutia kidole tu. Mke anayeombwa kukubali ana haki ya kujua jumla ya deni, muda wake, na litakalotokea lisipolipwa.

Mwaka 2021 Rwanda ilipitisha sheria ya kuwalinda wateja wa huduma za fedha, ambayo msingi wake ni kwamba mteja aelezwe masharti kwa uwazi kabla ya kujifunga. Lakini haki isiyodaiwa hukaa katika karatasi. Mkopaji na aombe kuandikiwa mambo haya: jumla ya fedha atakazolipa hadi mwisho, jedwali la malipo, linaloonyesha kila mwezi riba ni kiasi gani na deni lililobaki ni kiasi gani, njia ya kuhesabu riba, ada na bima zote, kama riba yaweza kubadilishwa, na kama kuna faini kwa anayetaka kulipa mapema. Jambo hilo la mwisho lina uzito wake, kwa sababu kila faranga inayolipwa mapema juu ya deni lenyewe hukata riba ya miaka yote iliyobaki. Mwaka wa mavuno mema waweza kumtoa mtu katika deni miezi mingi kabla ya wakati.

Nyumba bora ni haki na heshima ya kila mwananchi, na mkopo waweza kuwa ngazi ya kuifikia. Lakini haraka haraka haina baraka. Hati ya ardhi iliyopatikana kwa jasho la serikali na wananchi haifai kupelekwa benki kwa sababu malipo ya mwezi yameonekana madogo. Jamaa na wakae nyumbani kwanza, wachukue kalamu, wazidishe malipo ya mwezi kwa idadi ya miezi yote, na waongeze bima na matengenezo. Wakiridhika na jumla watakayoiona, waende wakakope. Wasiporidhika, wapunguze ukubwa wa nyumba, au waweke akiba kwanza ili wakope kidogo zaidi na kwa muda mfupi zaidi.