Kashata ya Karanga na Guru: Usalama Huanzia kwenye Ungo

Kashata ngumu ya karanga, ambayo Wahindi huiita chikki, ina viungo viwili tu vya lazima: karanga na sukari guru. Hata neno guru limetokana na gur, jina la Kihindi la sukari ya miwa isiyosafishwa kiwandani. Kwa kuwa karanga hulimwa katika uwanda wa juu wa Ufipa na kuuzwa katika masoko ya Sumbawanga, mlaji anaweza kuandaa kitafunwa hiki nyumbani kwa gharama ndogo. Hata hivyo, hatua iliyo muhimu kuliko zote hufanyika kabla ya moto kuwashwa.

Chagua na chambua karanga

Karanga, kama mahindi, hushambuliwa na kuvu wanaozalisha sumukuvu. Mwaka 2016, sumukuvu iliyokuwamo katika mahindi ilisababisha vifo vya watu wapatao 20 katika mikoa ya Dodoma na Manyara. Anayeila kidogo kidogo kwa miaka mingi huongeza hatari ya kupata saratani ya ini. Sumu hii haionekani kwa macho, na moto wa jikoni hauimalizi: kukaanga huipunguza tu. Aidha, utamu wa guru huweza kuficha uchungu wa karanga mbovu.

Viwango vya Afrika Mashariki haviruhusu sumukuvu kuzidi mikrogramu 10 katika kilo moja ya karanga. Jikoni hakuna kipimo hicho. Kinga iliyopo ni kununua vizuri na kuchambua. Nunua karanga kavu, zikiwa kwenye maganda inapowezekana. Ukitikisa ganda, punje kavu hugonga ndani. Epuka zilizoloweshwa maji ili zibanguliwe kwa urahisi, kwani unyevu hualika kuvu. Zitandaze kwenye ungo mahali penye mwanga, uondoe zilizosinyaa, zilizovunjika, zilizobadilika rangi, zilizotobolewa na wadudu na zenye ukungu. Zilizoondolewa zifukiwe. Usiwape kuku wala ng'ombe, maana sumu hiyo hupita hadi kwenye maziwa.

Mahitaji

Karanga zilizochambuliwa gramu 250, sukari guru gramu 200, maji vijiko 2 vya chakula, samli kijiko 1 cha chai na chumvi kidogo.

Namna ya kuandaa

1. Kaanga karanga kwa moto mdogo hadi zigeuke rangi ya dhahabu. Zikipoa, zisugue na kuzipeta ili ngozi zitoke. Chambua tena, punje iliyobadilika rangi ndani sasa itaonekana.

2. Paka samli kidogo kwenye sinia na kwenye kifimbo cha chapati.

3. Yeyusha guru kwa maji katika sufuria nzito. Ikiwa ina takataka, ichuje. Ongeza samli iliyobaki na chumvi, kisha endelea kuchemsha kwa moto wa wastani huku ukikoroga.

4. Dondosha tone la shira katika bakuli la maji baridi. Likivutika, bado, likikatika kwa mlio kama kioo, limeiva. Jaribio hili linafaa zaidi kuliko vipimo vya joto vya vitabu vingi, ambavyo huandikwa kwa maeneo ya usawa wa bahari. Sumbawanga ipo kwenye mwinuko wa mita 1,800 hivi, ambako maji huchemka yakiwa na nyuzi 94 hivi badala ya 100, na shira nayo huiva kwa joto pungufu.

5. Epua, changanya karanga haraka, mimina kwenye sinia, sukuma hadi iwe bapa na uikate ingali ya moto. Ikipoa kabisa, ihifadhi katika chombo kinachofunga vizuri. Unyevu huifanya inate.

Tahadhari

Shira ya moto hung'ang'ania ngozi. Watoto wasikaribie jiko, na anayeungua apoozwe kwa maji safi ya kawaida yanayotiririka kwa dakika 20. Mtoto wa chini ya miaka mitano asipewe kashata hii, kwani punje huweza kumpalia. Mwenye mzio wa karanga asiile kabisa.

Ukinunua kashata iliyofungashwa, soma lebo: jina na anwani ya mzalishaji, viungo, tarehe ya kutengenezwa na ya mwisho wa matumizi, pamoja na alama ya ubora ya TBS. Isiyo na taarifa hizo haikupi njia ya kujua ni nani aliyezichambua karanga zake, wala kama zilichambuliwa.