Kingamwili unazo, lakini kinga je?

Leo naomba tuongelee neno moja tu, kingamwili, maana limeshawapandisha watu presha bila sababu, na wengine limewapa raha isiyo yao.

Imeanzia hivi. Kuna mshkaji wangu, tumekua naye mtaa mmoja, alipata mchongo wa kazi ya hotelini akaambiwa akapime afya kwanza. Kapima kila kitu. Majibu yakatoka, kwenye mstari wa homa ya ini B imeandikwa Anti-HBs, na mbele yake chanya. Aliyempa karatasi pale dirishani akamwambia haraka haraka "wewe una homa ya ini," halafu akaita jina la mwingine. Jamaa karudi nyumbani kama kamwagiwa maji. Wiki mbili nzima kikombe chake kakitenga, hataki kula sinia moja na wadogo zake, anakunywa mizizi michungu aliyouziwa sokoni, na majibu hakuyapeleka kazini kwa kuogopa aibu. Siku aliponionyesha ile karatasi nikamvuta hadi kwa daktari mwingine. Daktari kaisoma, kacheka (si vizuri lakini alicheka), akamuuliza: "Ulishawahi kuchanjwa?" Ndo jamaa akakumbuka kwamba enzi za chuo walipangwa mstari wakachomwa sindano tatu, miezi tofauti tofauti. Kumbe ile karatasi ilikuwa inasema ana KINGA! Kazi ilikuwa imeshachukuliwa na mtu mwingine.

Sasa tuelewane. Kirusi cha homa ya ini B kina ganda lake la nje. Kipande cha lile ganda kikionekana kwenye damu yako, karatasi inaandika HBsAg. Ukiona hiyo ni chanya maana yake kirusi chenyewe kimo ndani. Yule mgeni anaitwa antijeni. Mwili ukimwona mgeni unatengeneza protini za kumkamata, kila protini imechongwa kwa ajili ya mgeni wake, kama ufunguo na kitasa. Hizo protini ndo kingamwili. Za kirusi hiki zinaandikwa Anti-HBs. Kwa hiyo HBsAg ni mwizi, Anti-HBs ni askari. Herufi chache tu zinawatofautisha, na mtu mwenye foleni ya watu mia dirishani anaweza akakuchanganyia maisha.

Na hata kama jamaa angekuwa na HBsAg kweli, kutenga kikombe kulikuwa ni kujitesa bure. Homa ya ini B inapita kwenye damu, kwenye kujamiiana, na kutoka kwa mama kwenda kwa mtoto wakati wa kuzaliwa. Sinia la ubwabwa halihusiki.

Turudi kwenye neno. Lugha yetu hapa imetuchezea kidogo. Mwaka 1891 mwanasayansi wa Kijerumani Paul Ehrlich aliandika neno Antikörper, ambalo ukilipasua unapata kitu kama "mwili wa kupinga". Linakwambia tu kwamba kuna kitu kinachopingana na kingine, halijaahidi nani atashinda. Waswahili tulipotafuta neno letu tukaunganisha kinga na mwili, na kinga kwetu ni kitu kizito. Mwanasheria anasema rais ana kinga ya kutoshitakiwa. Dukani ukiulizia kinga unapewa kondomu. Wahenga wakasema kinga ni bora kuliko tiba. Kote huko kinga maana yake umeshaokoka. Basi mtu akiambiwa "una kingamwili" anasikia "umekingwa". Sivyo. Neno linasema askari wapo, halijasema wapo wangapi wala kama wanaiweza hiyo vita.

Mfano mkali kuliko yote ni UKIMWI. Kirefu chake tunakijua tangu shule ya msingi, upungufu wa kinga mwilini. Vile vipimo vya haraka vya kutoboa kidole, vingi vyao havitafuti kirusi, vinatafuta kingamwili za kirusi. Kwa hiyo mtu mwenye virusi vya upungufu wa kinga mwilini anatambuliwa kwa sababu ana kingamwili!!! Maneno ni yale yale mawili, kinga na mwili, maana zimekwenda njia mbili. Kingamwili za VVU zinatengenezwa kweli, tena nyingi, ila kirusi kinabadilisha sura haraka kuliko zinavyoweza kukikimbiza, na huku kinashambulia seli za CD4 ambazo ndo makamanda wa jeshi zima. Zile kingamwili hapo ni nyayo tu za mwizi kwenye mchanga, zinaonyesha kapita na yumo.

Ukilishika hilo, mambo matatu yanayogombanisha watu mitaani yanaeleweka.

La kwanza ni kipindi cha dirisha. Mwili unahitaji wiki kadhaa kutengeneza kingamwili, kwa hiyo ukijiweka hatarini Jumamosi ukapima Jumatatu ukaambiwa hasi, hiyo hasi haina habari na Jumamosi yako. Kwa vipimo hivi vya kingamwili unarudia mpaka miezi 3 ipite. Na kama ni jana au juzi tu, usisubiri dirisha wala nini, wahi hospitali ndani ya saa 72 ukaulizie dawa za kuzuia maambukizi.

La pili, mtu anameza ARV vizuri, kirusi kimeshuka mpaka mashine haikioni, halafu anakwenda kupima tena kwa kidole anakuta bado chanya, anakata tamaa anaacha dawa. Jamani! Nyayo hazifutiki kwa sababu mwizi kafungiwa chumbani. Kipimo cha kidole hakipimi kama dawa inafanya kazi, kinachopima ni kile cha wingi wa virusi.

La tatu ndo linaloniuma. Mtoto mchanga wa mama mwenye VVU anaweza kuonyesha chanya kwenye kipimo cha kingamwili na hana virusi kabisa. Mama anampa mtoto kingamwili zake kupitia kondo la nyuma kabla hajazaliwa, na zinaweza kukaa kwenye damu ya mtoto mpaka kwenye miezi 18. Ndo maana kliniki wanachukua tone la damu kisiginoni kwenye wiki ya 4 mpaka ya 6, wanaliweka kwenye karatasi maalumu, na kwenda kumtafuta kirusi mwenyewe. Halafu unakuta mawifi na mashangazi wameshampa mtoto hukumu kwa kipimo kilichosoma damu ya mama yake.

Sasa, wataalamu wanajua fika kwamba kuwa na kingamwili na kukingwa ni vitu viwili, kwa hiyo wana maneno mawili. Yote yanaanzia kwenye seramu, yale maji ya njano njano yanayobaki juu damu ikiganda, maana humo ndo kingamwili zinapopimwa. Serokonvasheni ni pale mtu ambaye hakuwa na kingamwili za ugonjwa fulani anapoanza kuwa nazo. Basi. Seroproteksheni ni pale zinapofika kiwango ambacho imeshaonekana kwa watu wengi kwamba kinazuia ugonjwa. Hilo la pili ndo neno ambalo raia tunalihitaji, ila ndo hatulijui.

Kwa homa ya ini B kiwango hicho ni mIU 10 kwa kila mililita ya seramu, kikipimwa mwezi 1 au 2 baada ya kumaliza sindano zote tatu. Ukipata 10 na kuendelea, umekingwa. Ukipata 6, una kingamwili ndiyo, ila hujavuka mstari. Na wapo wasiovuka kabisa. Kati ya watu wazima wenye afya zao, kama 5 mpaka 10 katika kila 100 wanachomwa sindano tatu na mwili unakaa kimya. Hao wanarudishwa wanaanza mzunguko mwingine, na wengi hapo wanavuka. Kwa mtu wa kawaida si lazima kupima baada ya chanjo, ila kama wewe ni nesi, mtu wa maabara, au unafua mashuka ya hospitali, nakushauri ukapime.

Kuna mtego mwingine hapa. Ukivuka ule mstari leo, miaka 10 baadaye unaweza ukapima ukakuta 4. Usipige kelele. Askari wamepungua barabarani lakini picha ya mwizi iko kituoni. Zipo seli za kumbukumbu, na kirusi hiki kinachukua muda mrefu, mwezi mpaka miezi kadhaa, kabla ya kukulaza. Mwili wenye afya unapata nafasi ya kutoa askari wapya. Wenye kinga dhaifu na wanaosafishwa figo ndo daktari anawafuatilia tofauti.

Nikaona nisiishie hapo, maana kila ugonjwa una tabia yake. Pepopunda ndo iliniacha mdomo wazi. Mtu anaweza akaugua pepopunda, akakaza taya, akanusurika kwa neema ya Mungu, na bado ASIWE na kinga! Ile sumu ya bakteria ni kali mno kiasi kwamba kichembe kinachoweza kukuua ni kidogo mno kwa mwili kukitambua na kutengeneza kingamwili za kutosha. Kwa hiyo aliyepona pepopunda anatakiwa achanjwe kama mtu mwingine yeyote. Wale wa "mimi nilishaugua, mwili wangu umeshazoea" hapo mjibanze.

Kichaa cha mbwa nacho kina mstari wake, 0.5 kwa vipimo vya kimataifa kwa mililita, Shirika la Afya Duniani ndo linautumia. Ila mbwa akishakung'ata hakuna muda wa kukaa kungoja mwili ujifunze. Unaosha kidonda kwa maji na sabuni dakika 15 nzima, unakimbilia chanjo, na kwa majeraha mabaya wanachoma pale pale kwenye kidonda kingamwili zilizotengenezwa tayari, yaani askari wa kukodi washike zamu mpaka wako wafike. Askari wa kukodi hawakai, baada ya muda wanaondoka zao.

Malaria ndo kabisa. Sisi tuliokulia kwenye mbu tuna kingamwili zake tele, na zinasaidia. Mwaka 1961 huko Gambia wanasayansi walichukua kingamwili za watu wazima wakawapa watoto wagonjwa, na vijidudu kwenye damu vikapungua. Lakini mpaka leo hakuna namba unayoweza kupewa ukaambiwa hapa umevuka. Hata zile chanjo za watoto, ile ya RTS,S iliyojaribiwa kwetu Bagamoyo na Korogwe na kwa majirani kule Kilifi na Siaya, kingamwili zinapanda halafu zinashuka, na kinga inapungua nazo. Na wale jamaa zetu wa majuu wanaokaa huko miaka wakirudi Desemba kula sikukuu wanajifanya wenyeji, chandarua hawataki, Januari wako kwenye dripu. Kinga ya malaria usipoitumia inachakaa.

Corona sitaiongelea sana, wote tulikuwepo. Nakumbusha tu kwamba Aprili 2020, nchi fulani fulani zilipofikiria kuwapa watu vyeti kwa sababu wana kingamwili, Shirika la Afya Duniani lilionya kwamba hakuna ushahidi kwamba hao hawataugua tena. Na kweli wengi waliugua tena.

Haya, umepewa karatasi ya homa ya ini B. Angalia HBsAg kwanza. Ikiwa chanya, usilie wala usinywe mizizi, tafuta daktari. Baada ya miezi 6 unarudia, maana watu wazima zaidi ya 90 katika 100 mwili unakitimua wenyewe. Kikibaki kuna dawa na kuna kufuatiliwa ini. Ikiwa hasi, tazama Anti-HBs. Chanya peke yake ni ya chanjo. Chanya pamoja na Anti-HBc ni kwamba uliugua zamani ukapona, pengine bila hata kujua. Zote zikiwa hasi, hujakutana nacho na huna kinga, kachanjwe. Hapa naongea hasa na mliozaliwa kabla ya 2002, kwa sababu Tanzania ndo mwaka huo chanjo hii iliingia kwenye sindano za watoto (Kenya walitangulia mwaka mmoja). Ile kadi ya kliniki mama aliyokutunzia kabatini haina hiyo sindano.

Mshkaji wangu alipima tena kwa namba, akapata 212. Kazi nyingine kapata, na hiyo karatasi anatembea nayo kwenye waleti kama leseni. Mizizi ilibaki nusu chupa, wadogo zake wameimwaga.

Wadau wa maabara na wauguzi mnaopita hapa, nilipokosea nisahihisheni hapo chini, na mwenye swali aulize bila kutaja jina.