Habibi, Habibu na Muhibu: Nani Apendaye na Nani Apendwaye?

Katika mabaraza ya Mji wa Kale hapa Mombasa, na ya Lamu na Malindi vile vile, kuna hoja moja isiyozeeka. Wimbo wa taarabu utasikika ukitoka dirishani, mwimbaji akimwita mwanamke "habibi", na hapo mmoja wa waliokaa atatikisa kichwa aseme: "Astaghfirullahi! Hili ni jina la Mtume, vipi litiwe katika nyimbo?" Mwenziwe atamjibu kwamba neno ni neno tu, na kila mtu ana habibu wake. Basi tena maneno huwa mengi, kahawa ikapoa vikombeni, na adhana ya Isha ikawakuta wangali pale pale walipoanzia.

Hoja hii si ndogo kama inavyodhaniwa. Mwenye kulinda heshima ya Mtume hafanyi mzaha, na mwenye kutetea wimbo naye hana nia ya kuvunja heshima ya mtu. Lakini ni nadra kumwona mmoja wao akiligeuza neno lenyewe na kulitazama linavyofanya kazi.

Asili yake ni herufi tatu za Kiarabu: ha, ba, na ba tena. Hiyo ha ni ile nzito ya kooni, ambayo watoto wa chuoni huhangaika nayo mpaka mwalimu akaridhika. Katika mazungumzo ya kila siku wengi wetu twaitamka sawa na ha ya "hapa" na "hapo", na kwa sababu hiyo maneno ambayo Waarabu wanayaona mbalimbali kabisa yamekuja kwetu yakawa kama watoto wa tumbo moja. Chukua "huba", "hiba" na "haiba". Huba ni mapenzi, na asili yake ni hiyo tunayoitaja. Hiba ni kipawa, mali anayompa mtu mwenziwe angali hai, na asili yake ni kitenzi kingine chenye maana ya kutoa. Haiba nayo yatokana na neno la kuogopewa na kustahiwa, ndipo mtu mwenye haiba akiingia mahali watu wakanyamaza. Mshairi anaweza kuyapanga yote matatu katika ubeti mmoja yakapendeza, lakini kadhi akiletewa kesi ya hiba hatauliza habari za huba.

Kutokana na herufi hizo tatu Kiswahili kimepata ukoo mzima. Tunayo huba na mahaba. Tunaye habibu, tunaye muhibu, tunaye mahabubu. Tuna kitenzi "kustahabu", yaani kupendelea kitu kuliko kingine, ingawa vijana wa leo hawakitumii sana. Tena tuna "mustahabu", neno ambalo kila aliyesoma fiqhi hata kidogo analijua: ni jambo ambalo ukilifanya una thawabu na ukiliacha huna dhambi. Wengi hulijua kwa hukumu yake bila ya kutambua kwamba ndani yake mna neno la kupenda. Mustahabu ni lile lililopendwa. Kupiga mswaki kabla ya swala, kuanza na mguu wa kulia uingiapo msikitini, yote hayo sheria imeyaita kwa jina la mapenzi, haikuyaita kwa jina la amri.

Sasa tuje kwenye swali lililo juu ya makala haya. Katika sarufi ya Kiarabu, muhibu ni mtendaji, yule apendaye. Mahabubu ni mtendwa, yule apendwaye. Sura hiyo ya mtendwa tunayo tele katika Kiswahili, ila hatuioni. Marehemu ni aliyerehemewa. Majeruhi ni aliyejeruhiwa. Mashuhuri ni aliyetangazwa. Mahabusu ni aliyefungiwa, na ndiyo sababu mahabusu na mahabubu wanafanana mno kwa umbo, herufi moja tu ikiwatenga. Malenga hawakulikosa hilo, kwani apendaye sana huona kwamba mmoja ndiye mahabubu na mwingine ndiye mahabusu.

Lakini sikiliza namna Waswahili wanavyosema. Mtu wa hapa akisema "muhibu wangu", je, anamtaja anayempenda yeye, au anayependwa na yeye? Mara nyingi ni huyo wa pili. Wanavyuoni wa lugha ya Kiarabu wanaweza kuita hilo kosa. Mimi nadhani si kosa, na sababu iko katika neno letu wenyewe, mpenzi. Tukisema "mpenzi wa kandanda" tunamaanisha mtu anayeipenda kandanda; kandanda haimpendi yeye, tena huenda ikamliza kila Jumamosi. Tukisema "mpenzi wangu" tunamaanisha yule ninayempenda. Neno moja limebeba pande zote mbili, na anayetaka kutenga hana budi kusema "mpendwa". Muhibu alipofika pwani alikuta nyumba imekwisha kujengwa, akaingia na kukaa kama mpenzi alivyokaa. Habibu naye hata katika Kiarabu ana mlango wa pande zote mbili, maana umbo lake huweza kuchukua maana ya apendaye na apendwaye, ijapokuwa apendwaye ndiyo maana iliyotangulia.

Wenye elimu ya tasaufi walilichimba neno hili zaidi. Imamu al-Qushayri wa Nishapur, aliyefariki mwaka 1072, katika Risala yake mashuhuri amekusanya kauli nyingi za watu juu ya asili ya hubb. Wako waliosema ni kutokana na ngamia anapopiga magoti akagoma kuinuka: vivyo hivyo apendaye hang'oki kwa ampendaye. Wako waliosema ni kutokana na kipuli cha sikioni, kwa kuwa kipuli hakiachani na sikio, au kwa kuwa hakitulii. Na wako waliosema ni kutokana na habba, yaani punje, kwa kuwa moyo nao una punje yake ya ndani. Hizi ni tafsiri za watu wa nyoyo zaidi kuliko ithibati za wenye kamusi, lakini hiyo ya punje inatuhusu. Habba hiyo hiyo ndiyo iliyotupa sisi haba, yaani kidogo, ile haba na haba inayojaza kibaba. Ndiyo pia iliyo katika habasoda, punje nyeusi ambazo kina mama hawakosi kuwa nazo kabatini.

Turudi barazani. Yule mlalamikaji ana ushahidi wake. Manabii wana lakabu zao: Ibrahimu ni Khalilullahi, Musa ni Kalimullahi, na Mtume wetu ni Habibullahi. Maulidini watu wanaposimama kwa kiyamu humsalimu kwa kumwita nabii, humwita rasuli, na humwita habibu. Mtoto wa pwani huenda akalisikia neno hili msikitini, begani mwa babake, miaka mingi kabla hajalisikia redioni.

Isitoshe, neno hili ni cheo. Katika Hadhramaut masharifu wa ukoo wa Ba Alawi, hasa wenye elimu, huitwa Habib. Mwenye maulidi yanayosomwa Lamu, Simt al-Durar, ni Habib Ali bin Muhammad al-Habshi wa Seiyun, aliyezaliwa 1843 akafariki 1915. Na Lamu yenyewe ina Habib Swaleh wake, Sayyid Saleh bin Alawi Jamal al-Layl, aliyetoka Visiwa vya Ngazija akaweka makao pale na kuanzisha Riyadha. Katika mji ambao wakati ule uliwapanga watu kwa nasaba zao, yeye alisomesha watumwa, na waliokuwa watumwa, na wageni wasiokuwa na ukoo wa kutaja, akawaweka katika halaka moja na wengine na kuwasomea maulidi kwa matari. Wakubwa wa mji baadhi yao walichukizwa sana. Aliendelea hivyo mpaka alipofariki mwaka 1935, na hata leo kila Mfungo Sita wageni hujaa Lamu kwa sababu ya jambo alilolianza. Wasiomjua husoma "Habib" wakadhani ni jina alilopewa na wazazi. Ni cheo, lakini cheo kilichotengenezwa kwa neno la kupenda.

Kwa hivyo mlalamikaji hasemi upuuzi. Walakini lakabu ya Mtume si habibu peke yake. Ni Habibullahi, mpendwa wa Mwenyezi Mungu, na utukufu wote uko katika nani ampendaye. Tena tazama nyumba ya Mtume mwenyewe. Mmoja wa wakeze, mama wa Waumini, alikuwa Ramla binti Abu Sufyan, lakini sisi twamjua kwa kunya yake: Umm Habiba. Alikuwa na binti aitwaye Habiba, aliyempata kwa mume wake wa kwanza, Ubaydullah bin Jahsh, ambaye alihajiri naye mpaka Habasha. Basi neno hilo lilikuwa likiitwa nyumbani, kumwitia mtoto, kama mama yeyote wa Kibokoni au Bondeni amwitavyo Habiba wake aje ale. Ikiwa halikukatazwa mle, kulikataza dirishani ni kujipa mamlaka.

Watu wa dunia nao walikuwa na matumizi yao. Barua za kale za Waswahili, zile zilizoandikwa kwa herufi za Kiarabu, zilikuwa na kanuni zake za kufungua: ila jenabi, kisha sifa za mwandikiwa moja baada ya nyingine, na miongoni mwa sifa hizo muhibu hakosekani. Halafu salamu, halafu wa baada. Na baada ya wa baada mara nyingi huja pembe, nguo, nauli ya jahazi, au deni lililopitiliza muda wake. Mtu alimwita mwenziwe muhibu katika mstari wa kwanza na kumdai katika mstari wa sita. Hakuna aliyeona ajabu. Muhibu pale si mpenzi wa chumbani, ni mtu ambaye neno lake lina thamani nami, na ndiyo sababu namwandikia badala ya kumpeleka mbele ya liwali.

Taarabu ndiyo iliyolirudisha neno chumbani. Zanzibar ilikuwa na chama cha Ikhwani Safaa tangu 1905, na muziki wa Misri ulikuwa ndio kioo chake. Siti binti Saad aliporikodi sahani zake Bombay mwaka 1928 aliimba kwa Kiswahili, lakini masikio ya pwani yaliendelea kupenda Misri, na sauti ya Umm Kulthum ilifika majumbani mwetu kwa miongo mingi. Hapo Waswahili waliona jambo la ajabu. Waimbaji wa Kiarabu humwita mwanamke "habibi", umbo la kiume, wakati "habibti" lipo. Wengine wanasema ni kwa kusitiri, ili mpendwa asijulikane. Wengine wanasema ni mazoea ya ushairi. Sisi halikutusumbua hata kidogo, maana lugha yetu haitengi mume na mke katika maneno. Habibi akawa mume, akawa mke, na Zein l'Abdin na Juma Bhalo wakatukuzia masikio tukiwa tumekwisha kuzoea.

Mahaba ndilo neno lililopata msiba. Katika Kiarabu mahabba ni kupenda kwa kila namna, na katika Surat Twaha, aya ya 39, ndilo neno alilotajiwa Musa alipokumbushwa utoto wake, namna Mungu alivyomtilia mapenzi kutoka kwake. Musa alikuwa kichanga majini. Lakini mwambie Mswahili wa leo "mahaba ya mama kwa mwanawe", atakukodolea macho. Twasema mapenzi ya mama. Mahaba yamesukumwa mpaka yakabaki mahali pawili tu, chumbani kwa wapenzi na katika kasida za kumsifu Mtume. Nami naona ni hasara.

Kuna upande mwingine ambao siwezi kuupita. Mabinti zetu wengi wamekwenda Ghuba, Saudia na kwingineko, kufanya kazi za nyumbani. Huko "habibi" na "habibti" ni maneno ya njiani. Dereva humwambia abiria, muuza duka humwambia mteja, mwanamume humwambia mwanamume asiyemjua. "Shuf habibi", yaani tazama bwana wewe, mara nyingi ni mwanzo wa ugomvi. Binti aliyekulia nyumba ambayo neno hili halisemwi ila kwa uzito anaweza kukosea kwa njia mbili. Anaweza kuogopa bure anapoitwa habibti na bibi wa nyumba. Au, na hili ndilo baya zaidi, anaweza kulegea, akadhani amependwa, akakabidhi pasi yake ya kusafiria na kungoja mshahara wa miezi mitatu kwa sababu anaitwa vizuri. Wazazi wanaomwuliza wakala juu ya tiketi na mkataba wamwulize na binti yao kama anajua kwamba habibti ya kule haina ahadi ndani yake.

Wakirudi, baadhi yao huja na Kiarabu cha kuwasahihisha watu. Mama akisema "habibi wangu", binti humwambia: "Mama, hiyo i ya mwisho ndiyo 'wangu' yenyewe, umesema mpenzi wangu wangu." Ni kweli kwa sarufi. Lakini mama huyo huyo kila alfajiri husema "Rabi wangu", ambapo Rabi ni Mola wangu, na katika dua husema "Maulana wetu", ambapo Maulana ni bwana wetu. Hajapata kumwona sheikh aliyemkatiza.