Chalbi Si Mahali Patupu

Kila kiangazi huja wageni kwenye jangwa la Chalbi, kaskazini mwa Kenya, wakitafuta upweke. Hupiga picha chumvi nyeupe iliyotanda ukiiacha Maikona kuelekea Kalacha, kisha huandika kwamba wamevuka nchi isiyo na mtu. Sisi Wagabra, wafugaji wa ngamia, tunaishi humo. Visima vina wenyewe, malisho yana majira yake, na ngamia ana chapa ya ukoo inayomtaja mwenye mali hata mchungaji akiwa hayupo.

Ni kweli kijana wa fora, kambi ya mbali ya mifugo, aweza kufuata nyayo za ngamia aliyepotea kutwa nzima asione mtu. Akifika kwenye ola, yaani kambi ya makazi, ya watu asiowajua, hukaribishwa. Salamu ni nagaya: amani ya watu, ya ngamia, ya mbuzi, ya alikotoka. Huletewa maziwa yenye harufu ya moshi uliofukiza chombo, na huachwa anywe bila kusumbuliwa. Ndipo huulizwa habari. Mvua imeonekana upande wa vilima vya Huri? Kisimani kuna foleni? Umekuta nyayo za nani? Husimulia kituo baada ya kituo, na kila anapovuta pumzi mzee mmoja humwitikia. Hakatizwi. Habari hizo ndizo huamua kama kambi itahama. Ikihama, wanawake hubomoa mandasse, nyumba zao za kuhamishika, na kupandisha fito na ngozi juu ya ngamia, na jioni nyumba husimama tena, mlango ukitazama magharibi.



Mimi naulilia mkao ule wa habari. Ukame wa 2020 hadi 2022 uliua mifugo na kusukuma familia nyingi kwenye vituo vya mjini. Vijana sasa wana pikipiki. Hupita kando ya ola wakiacha vumbi, simu ikiwa imeshawaambia mvua iliponyesha. Simu haisemi ni mzee gani amelala mgonjwa njiani, wala ni nyumba gani imeishiwa maziwa ili iazimwe ngamia wa kukamwa kwa desturi ya dabare. Nawalaumu vijana wetu kwa hilo, na wageni pia: kwetu anayeiona kambi akaipita bila kusimama hutiliwa shaka.