Mtazamaji Kama Kielelezo: Kizimba cha Coco Fusco Kutoka Utendaji Hadi Filamu

Mwaka 1992, miaka 500 baada ya safari ya Columbus, Coco Fusco, Mmarekani mwenye asili ya Kuba, na Guillermo Gómez-Peña, mzaliwa wa Meksiko, walijifungia kizimbani katika uwanja wa Colón, Madrid. Walijidai kuwa wenyeji wa Guatinau, kisiwa cha kubuni ambacho Wazungu hawajakifikia. Walishona vikaragosi na kutazama televisheni. Kwa malipo kidogo, Fusco alicheza muziki wa rap. Kejeli ilikuwa bayana, au ndivyo wasanii walivyodhani: watazamaji wengi waliamini.

Kosa hilo ndilo kiini cha filamu ya hali halisi *The Couple in the Cage* (1993), iliyoandaliwa na Fusco pamoja na Paula Heredia. Ndani yake, nyuso za watazamaji zinapakana na picha za zamani za maonyesho ya binadamu, hivyo anayetazama anageuka kielelezo. Kuisoma filamu hii kama mzaha uliofaulu ni kuipunguzia uzito. Walionaswa na kamera hawakuwa wameelezwa ukweli, na uwezo wa kuonyesha bila ridhaa, ambao kizimba kiliushutumu, sasa umo mikononi mwa mhariri wa filamu.